Sanamu na minara ya zama za ukomunisti: iondolewe, ihamishwe au ibaki pale pale?

Mwalimu wa Temeke

Salaam kwenu wanajukwaa. Ninafundisha Historia katika shule ya sekondari hapa Dar es Salaam, na wanafunzi wangu wa kidato cha tano wanajiandaa kwa mdahalo kuhusu nchi zilizowahi kutawaliwa na vyama vya kikomunisti: je, nchi hizo zina haki ya kuziondoa sanamu na minara iliyojengwa zama hizo? Kilichowachochea ni picha za Sofia, mji mkuu wa Bulgaria, ambako mwezi Desemba 2023 mafundi walianza kuzishusha sanamu za askari kutoka kwenye Mnara wa Jeshi la Kisovieti, uliokuwa umesimama katikati ya mji tangu mwaka 1954.

Nusu ya darasa inasema kwamba kuondoa ni kufuta historia. Nusu nyingine inasema kwamba hakuna anayepaswa kupita kila asubuhi chini ya sanamu ya mtu aliyemfunga babu yake. Hoja hizi mbili zimesemwa sana, na kila upande umeng'ang'ania pale ulipoanzia. Ninachokitafuta ni kigezo, yaani namna ya kuipima sanamu moja moja na kusema hii ibaki na ile iondoke, kwa sababu ambazo hata mpinzani anaweza kuzikubali. Tena kuna kijana aliyeniuliza swali ambalo sikutaka kulijibu kwa haraka: sisi nasi tuna minara ya zama za Ujamaa, je, jambo hili linatuhusu?

Mzee wa Upanga

Mwalimu, nilisoma ufundi Ujerumani Mashariki nikiwa kijana, kwa hiyo nitajibu kwa habari za Berlin, ambako sanamu tatu za zama zile zile zilipatwa na mambo matatu tofauti.

Ya kwanza ni ya Lenin. Ilikuwa ya mawe ya matale mekundu, yenye urefu wa mita 19, kazi ya mchongaji Nikolai Tomsky, na ilizinduliwa mwaka 1970 katika uwanja uliokuwa na jina la Lenin mwenyewe. Baada ya Ujerumani kuungana, serikali ya jiji iliamua iondolewe. Kwa kuwa ilikuwa katika orodha ya urithi unaolindwa na sheria, ilitolewa kwanza katika orodha hiyo, wakazi wa jirani wakapinga, na mwezi Novemba 1991 kazi ikaanza. Ilikatwa vipande zaidi ya 120, vikafukiwa katika mchanga msituni, pembezoni mwa mji. Miaka mingi baadaye wahifadhi wakakitaka kichwa kwa ajili ya maonyesho. Kilifukuliwa mwaka 2015, kikiwa na uzito wa tani tatu na nusu, na ilibidi kwanza wahamishwe mijusi adimu waliokuwa wamefanya makazi juu ya lile fukio. Tangu mwaka 2016 kimelazwa ubavu katika ngome ya Spandau, ndani ya maonyesho ya sanamu zilizowahi kuondolewa katika mitaa ya Berlin, zikiwamo za watawala wa kale wa Prussia.

Ya pili ni ya Ernst Thälmann, kiongozi wa chama cha kikomunisti aliyekamatwa na Wanazi mwaka 1933 na kuuawa katika kambi ya Buchenwald mwaka 1944. Sanamu yake ya shaba iliyochongwa na Lev Kerbel iliwekwa mwaka 1986, na ipo hadi leo. Hapa pana ugumu wa kweli, kwa kuwa mtu huyu alikuwa mfuasi mtiifu wa Stalin, na hapo hapo alikufa mikononi mwa Hitler.

Ya tatu ni ya Treptow, mtaa mmoja wa Berlin: askari wa Kisovieti aliyembeba mtoto, huku upanga wake ukiwa umeivunja alama ya Wanazi. Ilizinduliwa mwaka 1949, na mahali pale wamezikwa askari wapatao 7,000 waliokufa katika mapigano ya kuuteka mji. Kwa mkataba wa mwaka 1990, Ujerumani iliahidi kuyatunza makaburi na minara ya namna hiyo, na inaitunza.

Kwa hiyo kipimo changu cha kwanza ni kuuliza kama mahali hapo wamelala watu. Kijana aliyetoka kijijini kwao akafia ugenini hakuchagua siasa za waliompeleka, na kaburi lake ni amana ya wenyeji. Cha pili ni kuuliza sanamu iliwekwa kwa ajili ya nani. Lenin wa Berlin hakuwekwa ili kumliwaza mfiwa yeyote. Aliwekwa ili wakazi wajue nani ana amri, na wakazi hao wanapopata uhuru wa kuamua wana haki ya kumwondoa uwanjani. Hata hivyo, kumwondoa uwanjani ni jambo moja na kumficha msituni ni jambo lingine kabisa. Kilichofanyika mwaka 1991 kiliwanyima watoto waliozaliwa baadaye nafasi ya kuona jinsi utawala ule ulivyotaka kuonekana, na hilo silikubali hata kidogo.

Binti wa Kigamboni

Shikamoo mzee wangu. Nimekusoma kwa makini, lakini kipimo chako cha makaburi kinapata shida ukikipeleka Tallinn, mji mkuu wa Estonia. Pale palikuwa na sanamu ya Askari wa Shaba iliyowekwa mwaka 1947, na chini yake mlikuwa na mabaki ya askari wa Kisovieti. Kwa Waestonia wengi, askari yule alikuwa ishara ya kuondoka kwa mvamizi mmoja, Ujerumani ya Kinazi, na kuingia kwa mwingine, Umoja wa Kisovieti, aliyekaa hadi mwaka 1991. Kwa raia wanaozungumza Kirusi, palikuwa mahali pa kuweka maua kila tarehe 9 Mei, siku ya kukumbuka ushindi dhidi ya Wanazi. Mwezi Aprili 2007 serikali ilipoanza kuchimba, palizuka ghasia, kijana mmoja akauawa, na sanamu ikaondolewa usiku ule ule na kupelekwa katika makaburi ya kijeshi, ambako ipo hadi sasa. Walikuwapo waliozikwa pale, mzee, na kuwapo kwao hakukuwatuliza watu.

Jambo la pili ni kwamba maana ya mnara haikai pale ilipowekwa na wajenzi. Kule Riga, nchini Latvia, mnara wa ushindi wenye urefu wa mita 79 uliojengwa mwaka 1985 ulivumiliwa kwa miaka zaidi ya 30 ya uhuru, huku watu wakibishana juu yake. Ulibomolewa mwezi Agosti 2022, miezi sita baada ya Urusi kuivamia Ukraine. Jiwe lilikuwa lile lile la siku zote, lakini jirani alikuwa amerudi na vifaru. Watu wa Ukraine wenyewe walikuwa wamekwisha kutunga sheria mwaka 2015, na kwa sheria hiyo sanamu za Lenin zaidi ya 1,300 ziliondolewa. Sioni haki ya mtu yeyote aliye mbali kuwaambia kwamba wanafuta historia wakati historia hiyo ingali inawapiga mabomu.

Wala tusisahau Afrika. Addis Ababa ilikuwa na sanamu ya Lenin iliyowekwa wakati wa utawala wa kijeshi wa Mengistu, ikaangushwa mwezi Mei 1991, mara tu alipokimbia nchi. Katika mji huo huo mnara wa Tiglachin, uliojengwa mwaka 1984 kwa msaada wa Korea Kaskazini kuwakumbuka wanajeshi wa Ethiopia na Kuba waliokufa katika vita vya Ogaden dhidi ya Somalia, haukuangushwa. Nadhani mfano huo unakuunga mkono, mzee, kuliko ule wa Berlin, maana hapakuwa na mkataba wowote uliowazuia watu. Waliona wenyewe tofauti kati ya mtawala na marehemu wao.

Mzee wa Upanga

Marahaba, binti yangu. Tazama tena habari ya Tallinn. Sanamu ile haikuvunjwa; imesimama makaburini na maua bado yanawekwa. Kilichowasha moto ni namna ilivyofanyika: uzio, kisha kuchimba, kisha kuondolewa gizani, huku nusu ya mji ikiamini kwamba marehemu wake wanadhalilishwa. Mahali penye marehemu panaweza kuhamishwa, na hata sisi huhamisha makaburi barabara inapopita, lakini hatuhamishi kabla ya kukaa na wafiwa. Hicho nakiongeza kiwe kipimo cha tatu: uamuzi ufanyike mchana, kwa sheria inayojulikana, na wenye marehemu wao wakiwa wamesikilizwa.

Wakili wa Ilala

Mwalimu, naomba nilijibu swali la yule kijana, kwa kuwa jibu lake liko hapa hapa mjini.

Dar es Salaam iliwahi kuondolewa sanamu kabla ya Lenin yeyote kuchongwa. Wajerumani walimjengea hapa sanamu Hermann von Wissmann, kamanda aliyeuzima upinzani wa watu wa pwani uliokuwa chini ya Abushiri, na baadaye akawa gavana. Alichongwa akiwa amesimama juu, na chini yake askari Mwafrika akimtazama. Waingereza walipouteka mji mwaka 1916 waliiondoa, na mwaka 1922 ikasimikwa upya Hamburg, nje ya chuo kikuu. Mwaka 1968 wanafunzi wa chuo hicho waliiangusha. Ninaitaja kwa sababu inaonyesha kwamba mshindi akiondoa sanamu kama nyara, swali lenyewe huwa amelihamisha tu, na wengine watalazimika kulijibu kwingine. Wenyeji wa pwani, ambao ndio waliokuwa na madai makubwa zaidi dhidi ya Wissmann, hawakuulizwa wakati wa kumsimamisha wala wakati wa kumwondoa. Sanamu ya Askari iliyopo Posta, iliyozinduliwa mwaka 1927, nayo iliwekwa na wakoloni. Lakini inawakumbuka askari na wapagazi wa Kiafrika waliokufa katika vita isiyokuwa yao, na kwa vipimo vya mzee wetu ninaona inastahili kubaki.

Ama kuhusu Ujamaa, swali linatuhusu, ila haliji kwetu kwa sura ile ya Sofia au Riga. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilipitishwa na TANU, chama cha wananchi wa hapa, na halikuletwa na jeshi la kigeni. Mnara wake uliojengwa Arusha mwaka 1977 ni ushahidi wa jambo tulilolichagua wenyewe, kwa hiyo hatuwezi kuuondoa kwa hoja ya mvamizi. Ninaamini kwa dhati kwamba unapaswa kubaki. Ninaamini vilevile kwamba unasema nusu ya habari. Mamilioni ya watu walihamishiwa katika vijiji vya Ujamaa miaka ya 1970, wengi wao kwa nguvu, na mwaka 1991 Azimio la Zanzibar lililegeza masharti ya uongozi yaliyokuwa moyo wa lile la Arusha. Mahali pa kuyasimulia hayo ni pale pale, kwa maandishi yanayosomeka, na kwa sauti za waliohamishwa ambao bado wapo nasi.

Tena darasa lako lina mfano ambao hauhitaji ndege. Gongo la Mboto kuna makaburi ya Wachina zaidi ya 60, wengi wao wakiwa wataalamu na wafanyakazi waliokufa katika ujenzi wa reli ya TAZARA, ile ya kilomita 1,860 kutoka hapa hadi Kapiri Mposhi, iliyojengwa kati ya mwaka 1970 na 1975. Waliletwa na serikali ya kikomunisti, wakati wa Mao, kwa sababu za kisiasa ambazo kila mtu anaweza kuzijadili. Makaburi yao yanatunzwa, na sijasikia mkazi yeyote wa Ukonga akitaka yaondolewe. Wapeleke vijana wakasome tarehe zilizoandikwa pale kabla hawajasimama kubishana kuhusu Treptow.

Jambo la mwisho ni la kisheria, na linanitia wasiwasi kuliko mengine yote. Sheria yetu ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, iliyorekebishwa mwaka 1979, inalinda moja kwa moja majengo na minara iliyojengwa kabla ya mwaka 1863. Kilichojengwa baada ya hapo hakina kinga hiyo mpaka Waziri akitangaze katika Gazeti la Serikali. Maana yake ni kwamba karne nzima ya ishirini, yaani ukoloni, uhuru na Ujamaa, iko nje ya mlango mpaka mtu aombe ifunguliwe. Berlin walilazimika kuitoa sanamu katika orodha kabla ya kuigusa, na kule kuitoa ndiko kulikowapa wakazi nafasi ya kupinga. Mnara usiokuwa katika orodha yoyote unaweza kuondoka kwa kibali cha ujenzi tu, bila mdahalo wowote.

Mwalimu wa Temeke

Nawashukuru sana. Nimeibadilisha mada ya mdahalo, na sasa inasema hivi: "Mnara wa kisiasa usiondolewe mahali pake kabla ya wale unaowahusu kusikilizwa hadharani." Kikundi kimoja kitaitetea kwa habari za Tallinn na Berlin, na kingine kitaipinga kwa habari za Riga na Ukraine, ambako kusubiri kunaweza kuwa ni kumpa nafasi aliyekuvamia. Nitaomba ruhusa ya kuwapeleka Gongo la Mboto kwanza. Wakili, je, tamko hilo la Waziri linaweza kuombwa na mtu wa kawaida?

Wakili wa Ilala

Hakuna kinachomzuia mwananchi kuandika barua ya mapendekezo kwa wizara inayosimamia mambo ya kale, ingawa uamuzi unabaki kwa Waziri. Barua yenye picha za mnara, mwaka uliojengwa, maandishi yaliyomo na majina ya wanaokumbukwa ni nzito kuliko barua ya malalamiko, na kazi hiyo darasa la kidato cha tano linaiweza kabisa. Waanze na Mnara wa Mwenge pale Mnazi Mmoja, kwa kuwa unafikika kwa miguu kutoka Kariakoo na bado wapo wazee mjini wanaoweza kuwaeleza walichokiona.