Naombeni ushauri: Wasifu wa Siti binti Saad, nakala nzima naipata wapi Dodoma?

Wakuu, habari za jioni. Jumamosi nimenunua kitabu hicho cha Shaaban Robert kwa muuza vitabu vya mtumba pale Majengo, buku mbili tu. Nikajiona mjanja. Kufika nyumbani, kumbe kurasa za mwisho zimechanwa, na zilizobaki zinanuka mafuta ya alizeti!

Sasa nimeachwa njia panda. Siti, binti wa kijiji cha Fumba kule Unguja aliyekuwa akitembeza vyungu, mwaka 1928 anapanda meli kwenda Bombay kurekodi taarabu kwenye santuri... Mama, ambaye hata si msomaji, kila usiku ananiuliza ikawaje.

Mwenye kujua duka aniambie. Au nisome kwanza Maisha Yangu, alipojieleza Shaaban mwenyewe? Bei msinifiche, mshahara bado.