Barbara Loden: filamu moja inatosha kumwita mwongozaji mkubwa?

Mleta mada
Wakuu, kuna jamaa tumebishana mpaka tukaachana bila kuagana. Anasema Barbara Loden wa Marekani anapewa sifa asizostahili: filamu ndefu moja tu, *Wanda* (1970), basi. Mimi nasema hiyo moja inatosha. Aliandika, akaongoza, akacheza yeye mwenyewe nafasi ya Wanda, kwa dola 115,000 hivi na kikosi kidogo mno. Tamasha la filamu la Venice, Italia, likaipa tuzo mwaka uleule. Kwao Marekani filamu ikapita kimyakimya. Saratani ikamchukua 1980, ana miaka 48. Mnasemaje?

Mchangiaji wa 1
Mkuu, kuna kitu umeruka. Mumewe alikuwa Elia Kazan, mwongozaji mwenye Oscar mbili. Kwenye kitabu cha maisha yake, 1988, anasema rasimu ya kwanza aliiandika yeye. Sasa hilo "aliandika" lako linasimama wapi?

Mleta mada
Kwenye kitabu hichohicho anakiri Loden aliiandika upya mara kwa mara mpaka ikawa yake. Na chimbuko ni habari ya gazetini iliyomkaa Loden kichwani, ya mwanamke aliyemshukuru hakimu kwa kumfunga miaka 20 kwa wizi wa benki. Halafu kitabu kinatoka mwenzake ana miaka minane kaburini. Angejibu vipi?

Mchangiaji wa 2
Mnabishana mke na mume, Nicholas Proferes mnamwacha nje. Ndiye aliyeshika kamera, ndiye aliyehariri. Ile picha ya Wanda na nguo zake nyeupe, kinukta tu, anakatiza vilima vyeusi vya makaa ya mawe kule Pennsylvania na kamera inamsindikiza kwa mbali bila papara: hilo ni jicho la Proferes.

Mchangiaji wa 3
Sawa, ila twende mahakamani. Wanda anaingia kachelewa, rola kichwani. Mume anataka talaka. Anaulizwa kuhusu watoto, anajibu kwa sauti ya kuchoka kwamba ni heri wakae na baba yao. Hakuna kilio wala muziki. Mwandishi mwingine angempa hotuba hapo, tumwonee huruma. Loden kamnyima hata chozi, na uso uliopo kwenye picha ni wake mwenyewe. Hilo kamera haiwezi kukufanyia.

Mchangiaji wa 1
Tukio zuri, sikatai. Lakini bao moja halikupi kiatu cha dhahabu.

Mleta mada
Na asiyepewa pasi? Baada ya *Wanda* alihangaika na miswada, fedha hakuna, akaambulia filamu fupi za kufundishia. Leo Maktaba ya Bunge la Marekani imeiweka *Wanda* kwenye orodha ya filamu za kuhifadhiwa, tangu 2017.

Mchangiaji wa 1
Hiyo ya 2017 ndiyo inanitia shaka zaidi. Tunaipenda filamu, au tunapenda kisa cha mwanamke aliyesahaulika? Nijibuni hilo kwanza, bila kumtaja Kazan.