Reli za ngazi za besimenti: fundi anataka kuweka upande mmoja tu, naombeni ushauri

Binti wa Kondoa
Habari za jioni wakuu. Tuko Mkonze, kiwanja kina mteremko kwa hiyo chini ya nyumba tukapata besimenti, ndio stoo. Mama kahamia kwetu, magoti yanamsumbua ila haiwezekani siku ipite hajashuka kukagua mahindi na alizeti yake. Ngazi ni za zege, zipo 12, kulia kuna ukuta wa tofali uliopigwa plasta, kushoto wazi kabisa, pa kushika hakuna. Fundi anasema ataweka skwea paipu (bomba la pembe nne) ya inchi mbili kwa mbili upande wa wazi, ukutani hakuna haja, nikilazimisha atafunga bleketi (vyuma vya kushikilia reli ukutani) kwa skrubu na plagi za plastiki zinazoingia kwenye tundu la ukuta. Moyo wangu unasita, mnasemaje?

Fundi Grili Dom
Dada usikubali. Plagi fupi ya plastiki inaishia kwenye plasta, mtu akiteleza uzito wote unaenda kwenye bleketi na plasta inatoka nayo kama ganda. Mwambie abandue plasta pale bleketi zinapokaa aone tofali lenyewe, kama ni gumu atoboe katikati ya tofali sio kwenye maungio, afunge rolibolti, ile bolti inayotanuka ndani ya tundu ukiikaza. Kama linamung'unyuka hiyo rolibolti nayo italipasua tu, hapo achimbe shimo, achomelee kipande cha nondo ya milimita 12 nyuma ya bleketi, akizamishe na kujazia zege, mkae wiki nzima mnamwagilia kabla mtu hajashika. Upande wa wazi nguzo zisimame kwenye zege la ngazi, bolti zisikae ukingoni maana panameguka.
Na skwea ya mbili kwa mbili ni nene, vidole vya mzee haviwezi kuizunguka. Chukua bomba la duara, inchi moja na nusu kwa nje, liache nafasi ya sentimita 5 na ukuta vidole vipite. Reli ikae juu kama sentimita 90, apime kutoka ukingo wa mbele wa kila ngazi kwenda juu, avute uzi kabla ya kutoboa.

Mama wa Nzuguni
Mimi nauguza mama mkwe, nakazia hapo kwenye pande mbili. Mtu mwenye goti bovu anategemea mkono mmoja kuliko mwingine, sasa ukiweka reli upande mmoja, mkono alioshikia akipanda akigeuka kushuka unabaki hewani, na kushuka ndiko kunakoangusha. Halafu reli isiishie kwenye ngazi ya mwisho, ipitilize kama sentimita 30 juu na chini ili akiwa bado ameshika mguu uwe umefika sakafuni. Ncha zikunjwe kuingia ukutani zisije zikanasa khanga. Taa nayo iwe na swichi juu na chini, umeme ukikatika atafuata reli kwa mkono.

Mkazi wa Ilazo
Mbao za mninga hazifai? Chuma naona baridi sana asubuhi, hasa Juni na Julai.

Fundi Grili Dom
Mninga unafaa ukutani, upigwe msasa vizuri na vanishi, ila bleketi zibaki chuma. Huko chini kama masika ukuta unatoka jasho basi chuma kipigwe rangi ya kuzuia kutu kwanza, na sehemu zilizochomelewa zilainishwe na grainda, kuna mabaki makali yanachana kiganja. Na dada, kama kuna wajukuu, upande wa wazi vyuma vya kati visiachane zaidi ya sentimita 10.

Binti wa Kondoa
Wajukuu wapo watatu, na wanamfuata bibi yao kila anaposhuka. Asanteni sana jamani. Jumamosi fundi anakuja, nitamwambia abandue plasta kwanza, ila nitajuaje tofali ni gumu?

Fundi Grili Dom
Lichokonoe na msumari. Ukitoka mchanga mwingi kirahisi, hilo ni la kuchimba na kujaza zege. Likiacha mkwaruzo tu, funga rolibolti. Na kabla ya rangi mwambie fundi mwenyewe aning'inie kwenye kila bleketi kwa uzito wake wote ukiona.