Stellaland: ilikuwa dola kweli au mpango wa kugawana mashamba?

Mchokonozi
Wakuu, naomba ufafanuzi. Stellaland, ile jamhuri ndogo ya Makaburu katika Afrika Kusini ya leo, kwingine inaandikwa ilianza 1882, kwingine 1883. Ipi sahihi? Na Makaburu wachache vile waliwezaje kujitwalia nchi ya Batswana?

Kabati la Kale
Inategemea unahesabu nini. Tarehe 26 Julai 1882 ni ya mapatano ya kusimamisha vita kati ya David Massouw, chifu wa Wakorana, na Mankurwane, chifu wa Batlhaping (kundi la Batswana). Jamhuri kwa maana ya rais na katiba ni ya Agosti 1883, Gerrit van Niekerk akiwa rais na Vryburg makao makuu.

Ufunguo uko kwenye malipo. Makaburu waliopigana upande wa Massouw waliahidiwa mashamba badala ya fedha. Mankurwane alipobanwa akasaini, sehemu kubwa ya ardhi yake ikakatwa vipande 416 na kugawiwa kwa kura, kila kimoja morgen 3,000. Morgen moja ni kama hekta 0.86, kwa hiyo shamba moja ni hekta 2,570 hivi. Zidisha kwa 416: zaidi ya hekta milioni moja, kwa sahihi ya mtu aliyeshindwa vitani.

Sasa, hati ya shamba bila serikali ya kuitetea ni karatasi tu. Ndiyo sababu wakaunda dola. Mimi naiita ofisi ya ardhi yenye bendera.

Rooigrond
Nyongeza: jirani yake Goshen, makao makuu Rooigrond, ilizaliwa kwa njia hiyohiyo, safari hii Makaburu wakiwa na chifu Moshete dhidi ya chifu Montshiwa wa Mafikeng. 1883 zikatangazwa kuwa muungano. Lakini tazama stempu zilizotoka Februari 1884, za peni 1, 3, 4 na 6 na ya shilingi 1: zimeandikwa "Republiek Stellaland", Goshen haimo hata kwa herufi moja.

Mchokonozi
Asante. Kilichoiua ni nini basi?

Kabati la Kale
Barabara. Njia ya wafanyabiashara na wamisionari kutoka Koloni la Cape, lililokuwa la Waingereza, kwenda kaskazini ilipita humo humo. Mwaka 1884 Wajerumani wakatwaa pwani ya Namibia ya leo, na Uingereza ikaona Transvaal, jamhuri ya Makaburu iliyopakana upande wa mashariki, ikiungana nao njia itazibwa. Septemba mwaka huohuo Cecil Rhodes, mwanasiasa wa Cape, akaafikiana na van Niekerk: mtambue mamlaka ya Cape, nasi tutatambua hati zenu. (Ona walichodai kwanza!) Kisha akaja Jenerali Warren wa Uingereza na askari 4,000, akayakataa mapatano hayo na kuivunja jamhuri bila vita. 30 Septemba 1885 eneo likawa koloni la British Bechuanaland, na 1895 likaingizwa Cape.

Rooigrond
Usije ukaichanganya na Nieuwe Republiek ("Jamhuri Mpya") ya Makaburu, makao makuu Vryheid, chini ya rais Lucas Meyer. Mapishi yaleyale, ila kwa Wazulu: Makaburu walimsaidia mfalme Dinuzulu kumpiga mpinzani wake Zibhebhu pale Tshaneni, 5 Juni 1884, wakadai ardhi, na Agosti wakatangaza jamhuri. Hao Uingereza iliwatambua Oktoba 1886, mipaka ikiwa imepunguzwa, na 1888 wakajiunga na Transvaal. Stempu zao ziligongwa kwa mhuri wa mpira, nyingi zikiwa na tarehe ndani yake.