Naomba ushauri: kaunti imeficha orodha ya basari kwa kisingizio cha faragha

Habari zenu wanajamii. Naomba msaada wa anayejua vizuri Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 ya Kenya.

Niliandikia serikali ya kaunti moja (sitaitaja) nikiomba orodha ya waliopata basari: majina, wadi, shule na kiasi. Siku 21 za kifungu cha 9 zilipita kimya, na kisheria kimya hicho huhesabiwa kuwa kukataliwa. Baada ya kukumbusha, nikajibiwa kwa kutajiwa Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, eti wanufaika wengi ni watoto.

Hoja ya watoto naiheshimu kabisa. Jina la mtoto likiwekwa kando ya umaskini wa kwao ni jambo zito. Lakini kiasi kwa kila shule na kila wadi hakimtambulishi mtu, na hizi ni fedha za umma. Kifungu cha 6(4) cha Sheria ya Upatikanaji wa Habari pia kinaruhusu kutoa habari pale maslahi ya umma yanapozidi madhara.

Kifungu cha 14 kinanipa siku 30 kuomba mapitio kwa CAJ, yaani Tume ya Haki ya Utawala (Ombudsman), inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma. Kwa hiyo nauliza:

Siku hizo zinahesabiwa tangu ile siku ya 21, au tangu nilipopata barua ya kukataliwa?

Pili, nikituma ombi jipya bila majina, nitapoteza haki ya mapitio kwa lile la kwanza, au yote mawili yanaweza kwenda pamoja?