Milango ya mninga, sakafu ya kijivu, rangi zinagombana: tupeane uzoefu

#1
Wakuu, salama? Nimehamia kwangu Goba mwezi uliopita, na kila nikiingia sebuleni jicho linakataa. Milango na fremu ni mninga wa vanishi tupu, wekundu-kahawia. Chini nikaweka tiles za mfano wa mbao, za kijivu, maana dukani zilinivutia. Sasa mlango umewiva, sakafu imepauka. Fundi anashauri tupake fremu rangi iliyokoza. Nimegoma, mninga ule nimeununua kwa jasho. Yaliyowakuta nyie?

#2
Mninga usifiche, mkuu! Kwangu makabati ya jikoni ndiyo yaligombana na sakafu. Kilichoniokoa ni skating, ule ukanda wa chini ukutani unapokutana na sakafu. Fundi alitaka ya kahawia "ifanane na mbao", ikawa rangi ya tatu, haifanani na chochote. Nikaing'oa, nikaweka nyeupe sawa na ukuta. Mbao na tiles zikaacha kugusana, basi ugomvi ukapoa.

#3
Niko Nairobi, nyumba ya zamani, sakafu ya vipande vya mvule. Nilibadilisha skating iliyooza kwa mvule mpya. Ilipofungwa, njano! Nikamgombeza seremala kwamba kaniuzia mti mwingine. Kumbe mvule ukiwa mpya ni wa njano, hukoza kwa mwanga. Niliamini siku nilipovuta zulia: chini yake pembe nne zimechorwa, pamebaki peupe kuliko kwingine. Mwaka umepita, skating na sakafu zimekaribiana. Nimeshamwomba radhi mzee wa watu.

#4
Mie wa Tanga, milango yetu mtiki. Kosa langu: fundi alinijaribia rangi ya mbao kwenye kipande cha paini alichokiokota hapohapo karakana. Pale ilipendeza kweli. Kwenye mtiki ikatoka nyingine kabisa, tukarudi kwenye msasa milango sita. Jaribieni kwenye masalio ya mbao ileile, ipigwe na vanishi juu, halafu mkiangalie kile kipande hukohuko nyumbani, mchana na usiku taa ikiwaka. Taa za dukani hadaa tupu.

#1
Shukrani wakuu. Nimetandika zulia la kahawia lenye kijivu kidogo, afadhali. Skating nyeupe fundi anakuja Jumamosi. Mama watoto anauliza kwa nini kipande cha mlango sikwenda nacho dukani. Sina jibu.