Balakov: fundi wa Kombe la Dunia 94, mbona kwenye ukocha hakutamba?

Mtoto wa Ilomba

Wakuu naombeni mnisaidie kumaliza ubishi kabla watu hawajashikana mashati huku kwetu. Timu yetu ya mtaa haina kocha tangu aliyekuwepo apate kibarua Tunduma, na kamati imegawanyika pande mbili. Upande mmoja wanataka tumpe jamaa mmoja aliyewahi kukipiga ligi kuu, kiungo wa mguu wa kushoto, huyu mtu mpaka leo na kitambi chake akigusa mpira watu wanaacha wanachofanya wanamwangalia. Upande wa pili wanamtaka mwalimu wa shule ya msingi ambae hajacheza popote pa maana ila ana leseni D ya CAF na daftari lake halimtoki mkononi.

Sasa kwenye kikao mzee mmoja wa kamati akaibuka akasema "nyie mnataka kutuletea Balakov". Wengi wakabaki wanaangaliana. Mi nikaenda kusoma soma nikakuta ni Krasimir Balakov, Mbulgaria, alikua mmoja wa viungo bora wa Kombe la Dunia 1994, alafu ukocha wake naona amepita timu kibao na hakuna hata moja utakayosema hapa ndo alitisha. Ilikuaje? Mtu anaona pasi ambayo uwanja mzima hawajaiona, anashindwaje kufundisha? Na je huo mfano unatuhusu au mzee alitaka tu kutuziba mdomo?

Mzee wa Rungwe

Kijana umenikumbusha mbali. Mwaka 94 huku kwetu TV zilikua za kuhesabu, sisi matokeo tulikua tunayapata kwa redio alafu kanda za video zinakuja baadae mnajazana kwa mtu mwenye deki, kwahiyo Bulgaria mi niliiona mwezi mzima baada ya kombe kuisha na bado nikashangilia kama ndo inachezwa.

Balakov amezaliwa Veliko Tarnovo 1966, akakulia kwenye timu ya hapohapo inaitwa Etar. Hii Etar ilichukua ubingwa wa Bulgaria mara moja tu, msimu wa 1990/91, mbele ya vigogo wa Sofia kina CSKA na Levski. Wenzangu wa Tukuyu nadhani mnaelewa nachosema, maana na sisi Tukuyu Stars ilipanda tu ikabeba ubingwa 1986, Simba na Yanga wakabaki midomo wazi, na haijawahi kurudia. Kwahiyo huyu sio mtoto wa timu kubwa, ni mtu wa mkoani.

Akaenda Sporting ya Lisbon 1991, pale akacheza na Figo akiwa bado kijana, akafundishwa na Bobby Robson alafu Carlos Queiroz. 1995 wakabeba Kombe la Ureno, mabao yote mawili ya fainali akafunga Mbulgaria mwenzie Yordanov. Alafu ndo Stuttgart, 1995 mpaka 2003, na hapo ndo wazee wengi tunapomkumbukia. Yeye, Fredi Bobic na Giovane Elber, Wajerumani waliwaita pembetatu ya maajabu. Wakabeba Kombe la Ujerumani 1997, fainali waliwapiga Cottbus 2-0, Elber zote mbili. Mwaka uliofuata wakafika fainali ya Kombe la Washindi Ulaya, Chelsea wakawafunga 1-0, Zola kaingia toka benchi hata jasho halijamtoka kafunga.

Ila kama unataka kumjua Balakov ni nani tafuta mechi ya Stuttgart na Schalke, Mei 2001. Stuttgart walikua wanapigania kutoshuka daraja, Schalke wanapigania ubingwa, zimebaki mechi mbili. Dakika ya 90 Balakov akafunga, ikaisha 1-0. Na muda huohuo huko Munich Bayern nao wakapata bao la ushindi dhidi ya Kaiserslautern. Bao moja limeiokoa timu yake na limemvuruga mwingine kabisa, maana Schalke ubingwa ule waliukosa mpaka leo wanaulilia. Alikua na miaka 35.

Chalii wa Mafiati

Mzee wa Rungwe na Kombe la Dunia lenyewe je?? Umelipita kama basi la Kyela

Mzee wa Rungwe

Hahaha haya. Kwanza ujue hata kufika Marekani ilikua bahati. Novemba 93 walikua Paris, Ufaransa wanahitaji sare tu. Cantona akatangulia kufunga, Balakov akapiga kona Kostadinov akaweka kichwa 1-1, alafu dakika ya mwisho kabisa Ginola badala ya kuukalia mpira kule kwenye kibendera akapiga krosi ikapitiliza, Bulgaria wakageuka nao, Kostadinov tena, 2-1. Ufaransa kwaheri.

Marekani mechi ya kwanza Nigeria wakawapiga 3-0, ile ya Yekini kushika nyavu analia, nadhani kila Mwafrika anaijua. Wangekua wengine wangerudi nyumbani kichwa chini, wao wakawafunga Ugiriki 4-0 na Argentina 2-0. Kwa Mexico sare 1-1, na humohumo goli likavunjika! Mchezaji wa Mexico kaingia nyavuni goli likakatika wakaleta lingine. Ikaamuliwa kwa penati, ya kwanza ya Bulgaria akapiga Balakov, kipa wa Mexico Campos akadaka. Ila Mihaylov golini akawabeba wakapita 3-1. Robo fainali wakawatoa Ujerumani mabingwa watetezi 2-1, faulo ya Stoichkov na kichwa cha Letchkov yule mwenye upara. Nusu fainali Roberto Baggio akawamaliza 2-1. Nafasi ya tatu wakachapwa 4-0 na Sweden ila hapo walishachoka. FIFA walipotoa kikosi bora cha mashindano, viungo walikua Dunga, Hagi, Brolin na Balakov. Angalia hayo majina.

Kocha wa Kihesa

Kamwene wote, nachangia kutoka Iringa. Mzee katupa upande wa uchezaji, ngoja mi niseme wa ukocha maana kidogo ndo kazi yangu, nafundisha vijana hapa.

Balakov alianza vizuri tu, alikua msaidizi hapohapo Stuttgart baada ya kustaafu. 2006 akapewa Grasshoppers ya Zürich. Akatoka akaenda St. Gallen, wakashuka daraja 2008. Akarudi kwao Chernomorets Burgas, alafu Hajduk Split ya Croatia 2011, na hapo alikua anaenda sawa. Machi 2012 akaitwa Kaiserslautern ya Bundesliga, timu iko mkiani, imebaki miezi miwili msimu uishe. Akaacha timu inayoeleweka akaenda kuokota timu iliyokwisha kufa! Wakashuka, akaondolewa. Baadae Litex ya Bulgaria, akarudi Etar ya kwao, alafu timu ya taifa 2019, alafu CSKA 1948, klabu nyingine ya Sofia sio ile CSKA kigogo.

Ukiangalia hiyo orodha utaona kitu, mara nyingi anaitwa wakati nyumba inaungua tayari. Kwahiyo mi sikubaliani na kusema moja kwa moja kwamba hajui kufundisha. Ila pia siwezi kumtetea sana, kocha ana haki ya kukataa kazi.

Dada wa Uyole

Kaka wa Kihesa umeipita timu ya taifa haraka kama vile hukutaka kuigusa. Mi nitaigusa.

Alipewa Bulgaria Mei 2019, Oktoba akajiuzulu, na katikati hapo hakushinda hata mechi moja. Wembley walifungwa 4-0. Alafu Sofia tarehe 14 Oktoba wakafungwa 6-0 na Uingereza, ila kilichobaki kwa watu sio hizo sita, ni mashabiki wao waliokua wanawaita wachezaji weusi nyani na wengine wananyoosha mikono kwa saluti ya Kinazi. Mwamuzi alisimamisha mechi mara mbili. Tyrone Mings ndo alikua anaichezea Uingereza kwa mara ya kwanza, fikiria mtu siku yako ya kwanza timu ya taifa unapokelewa hivyo.

Sasa Balakov kabla ya mechi alisema tatizo la ubaguzi liko zaidi kwenye mpira wa Uingereza kuliko wa kwao. Na baada ya mechi akasema yeye hakusikia kitu! Mechi imesimama mara mbili kaka, hakusikia? Wakati nahodha wake mwenyewe Ivelin Popov mapumziko alienda kubishana na mashabiki akiwaomba waache, na Rashford akamsifia hadharani. Kijana kaliona, kocha hajaliona. Baada ya siku kadhaa ndo akaomba radhi. Rais wa shirikisho lao alijiuzulu siku iliyofuata, na rais mwenyewe alikua nani? Mihaylov, yuleyule kipa wa 94 aliyemwokoa na penati yake.

Kwangu mimi kocha wa mtaani anaweza asijue mfumo, nitamsamehe. Ila mtoto wangu akitukanwa uwanjani na kocha anajifanya hasikii, hapo namtoa mtoto siku hiyohiyo.

Chalii wa Mafiati

Dada umemaliza. Mi hata hiyo pembetatu nimeshaisahau

Kocha wa Kihesa

Dada wa Uyole hapo sina la kubisha. Kweli niliipita haraka.

Mtoto wa Ilomba

Asanteni sana, nimepata zaidi ya nilichoomba. Ila bado swali langu la mwanzo linanisumbua. Tuache Kaiserslautern tuache Sofia, je kuna kitu kwenye uchezaji wa aina ile, yule fundi wa mguu wa kushoto, kinachomfanya mtu asiwe mwalimu mzuri? Maana Stoichkov nae nimeona aliifundisha Bulgaria haikufika popote na Celta Vigo ikashuka akiwa ameshaigusa.

Kocha wa Kihesa

Ngoja nikwambie nachokiona kiwanjani. Nilikua na msaidizi, kiungo fundi wa zamani, simtaji. Siku moja kijana anapokea mpira akiwa ameupa mgongo uwanja mzima, anapokonywa. Msaidizi wangu akapiga kelele "geuka wewe!" Mara ya pili "si nimekwambia geuka!" Mara ya tatu akaingia mwenyewe, akaomba mpira, akageuka, akapiga pasi ya mita arobaini, watoto wakapiga makofi. Alafu kijana akarudi kwenye nafasi yake akapokonywa tena, kwasababu hajaambiwa kitu.

Kilichokua kinatakiwa ni kumwambia kabla mpira haujakufikia angalia begani kushoto, angalia kulia, alafu simama kiubavu mguu mmoja umefunguka, mpira upokee na mguu wa mbali. Ndo hivyo tu. Yule fundi alikua anafanya hayo yote toka ana miaka tisa ila hajui kama anayafanya, kwahiyo hawezi kuyasema. Mwalimu wa shule anayasema, kwasababu yeye alifundishwa ukubwani akayaandika.

Ila msije mkafanya hii kuwa sheria. Guardiola alikua kiungo, Ancelotti kiungo, Zidane ndo usiseme. Hata Felix Magath aliyekua kocha wa Balakov Stuttgart alikua kiungo. Na Dimitar Penev aliyewapeleka Bulgaria nusu fainali 94 alikua beki wa maana wa timu yao ya taifa, kwahiyo wachezaji wakubwa wanaweza. Swali langu ni moja kwa huyo nyota wenu, ameshawahi kukaa chini ya kocha mwingine kama msaidizi akanyamaza akajifunza? Au anatoka kwenye kushangiliwa anaenda moja kwa moja kwenye kupanga kikosi?

Mtoto wa Ilomba

Hajawahi. Na kozi alisema hawezi kwenda kukaa darasani na watu ambao aliwapiga chenga.

Chalii wa Mafiati

😂😂😂 basi jibu unalo

Mzee wa Rungwe

Msimtupe lakini. Timu ya mtaa inaishi kwa watu kuja kuangalia, na hao watu ndo wanatoa hela ya nauli na jezi. Huyo akisimama pembeni ya uwanja siku ya mechi mtapata watu, mwalimu na daftari lake hamtapata mtu hata mmoja, tuseme ukweli. Mpeni mwalimu timu, nyota awe msaidizi, na muwaambie wote wawili mbele ya kamati nani anapanga kikosi ili isije kuwa vita.

Dada wa Uyole

Naunga mkono mzee. Na koni za mazoezi abebe huyo nyota, nauli ya kozi mchangishane nyie kamati. Ligi ya wilaya inaanza lini huko kwenu?

Mtoto wa Ilomba

Wanasema mwezi ujao dada, ila unawajua. Kikao ni jumapili baada ya kanisani, nitakuja kuwapa majibu kama bado nina meno.